Nyambizi ya Mjerumani haikuingia ziwani, ilifia pwani ya Somalia

Mwezi uliopita nilikwenda Kisumu kwa matanga ya mama mzazi wa rafiki yangu, mtu wa Obunga. Kwao si mbali na pale akina mama wanapokaanga mgongo wazi, ile mifupa ya mbuta inayobaki viwandani minofu ikishachukuliwa. Matangani hapakosi ubishi, na ubishi wa siku ile ulikuwa wa nyambizi. Kijana mmoja alishikilia kwamba wakati wa vita Mjerumani aliingiza nyambizi ziwani, akaizamisha mwenyewe alipoona anashindwa, na kwamba iko chini hadi leo. Mwenzake akamcheka. Nikageuziwa mimi niamue, eti kwa kuwa natoka Mombasa nazijua meli.

Kabla sijajibu, jaduong' mmoja aliyekuwa kimya muda wote akasema, "Hiyo ya ziwani ni hadithi. Lakini ndugu ya baba yangu alikuwa askari wa mizinga. Alipandia meli huko kwenu Kilindini, ikapigwa na nyambizi, hakurudi. Hiyo si hadithi."

Mzee alisema kweli, na kijana naye hakulitoa neno lake hewani. Nyambizi ya Mjerumani ilikuwapo upande wetu wa dunia. Ilifika pwani ya Somalia, mahali ambapo manahodha wetu wa majahazi wamekuwa wakipita kila msimu, na habari yake inastahili kujulikana na watu wa pwani na wa ziwa pia.

Tulimalize la ziwa kwanza. Ziwa Victoria liko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na Mto Nile unaotoka humo umejaa maporomoko. Hakuna chombo cha bahari kinachoweza kupanda huko kwa maji. Meli za kwanza za ziwa zililetwa vipande vipande. William Mackinnon, meli ndogo ya mvuke iliyoshushwa majini Kisumu mwaka 1900, ilitoka Mombasa ikiwa mizigo, na mizigo hiyo ilichukua miaka kufika yote. Winifred na Sybil zilifuata baada ya reli. Nadhani hadithi ya kijana inatokana na vita vya kwanza, maana Septemba 1914 Wajerumani waliingia Kisii, na huko Karungu meli yao ndogo yenye mzinga, Muansa, ilipambana na Winifred. Watu wa ufuoni waliona Mjerumani akija kwa maji. Vita vya pili vilipokuja na habari za nyambizi, hadithi mbili zikaoana.

Sasa la jaduong'. Mwanzoni mwa Februari 1944 msafara wa meli ulitoka Kilindini kuelekea Colombo. Miongoni mwao ilikuwa Khedive Ismail, na ndani yake kikosi cha 301 cha mizinga cha Afrika Mashariki, karibu watu 1,000, pamoja na manesi na mabaharia. Tarehe 12 Februari, karibu na visiwa vya Maldives, ilipigwa topido mbili. Topido ni kombora linalokwenda lenyewe chini ya maji. Meli ilizama kwa muda usiozidi dakika mbili. Takriban watu 1,300 walikufa, na waliookolewa hawakufika 220.

Kuna sehemu ya habari hiyo ambayo haisemwi sana. Manowari mbili za Kiingereza, Petard na Paladin, zilikuwa zikiusindikiza msafara. Paladin ilishusha mashua kuokoa watu. Petard ilianza kutupa mabomu ya kulipukia chini ya maji, kwa sababu nyambizi ilikuwa imejificha pale pale, chini ya watu waliokuwa wakielea. Waliokuwa wamenusurika na topido, baadhi yao wakauawa na milipuko ya upande wao wenyewe. Nyambizi hatimaye ilitolewa juu na kuzamishwa siku ile ile. Liweke hilo akilini, msomaji, nitalirudia.

Nyambizi iliyoipiga Khedive Ismail ilikuwa ya Kijapani, I-27. Lakini siku ileile ya Februari, nyambizi ya Kijerumani ilikuwa tayari njiani, imetoka bandari ya Kiel tarehe 18 Januari, na safari yake ilikuwa kuja Bahari ya Hindi. Namba yake ilikuwa U-852.

Kwa nini waje huku? Mwaka 1942 Wajapani walipoitisha Colombo kwa ndege zao, Waingereza walihamishia Kilindini makao ya jeshi lao la majini la mashariki. Hata shule ya Allidina Visram, ambayo wengi wetu tunaipita kila siku, iligeuzwa kuwa mahali pa kusikiliza na kufumbua siri za redio za Wajapani. Kipevu palikuwa kituo cha Catalina, ndege zinazotua juu ya maji. Watu wa Kisumu hawakushangazwa na ndege za namna hiyo, maana tangu miaka ya 1930 ndege za abiria za Imperial Airways zilikuwa zikitua ziwani mwao. Mafuta ya Ghuba, askari wa Afrika Mashariki, chakula na silaha za vita vya Burma, vyote vilipita bahari hii. Mjerumani akapanga kikosi cha nyambizi cha kuja kuvikata, akakiita Monsun. Neno hilo ni lile lile la Kiarabu, mawsim, lililotupa sisi msimu. Wenyewe walikuja na chombo kisichohitaji kaskazi wala kusi.

Hapa lazima tukielewe chombo chenyewe, kwa sababu yaliyotokea baadaye yamejengwa ndani ya umbo lake.

Nyambizi ya wakati ule haikuwa samaki. Ilikuwa meli ya juu ya maji inayoweza kujificha chini kwa muda. Juu ilikwenda kwa injini za dizeli, na dizeli inataka hewa. Ikitaka kuzama, inafungua matangi yake yajae maji ya bahari, inazima dizeli na kwenda kwa mota za umeme zinazolishwa na betri. Betri zikiisha hakuna jingine ila kupanda juu, kuwasha dizeli na kuzijaza tena, kwa kawaida usiku. Chini ya maji ilikuwa pofu na ya polepole.

U-852 ilijengwa na kiwanda cha AG Weser mjini Bremen na kukabidhiwa jeshi Juni 1943. Ilikuwa ya aina iliyoitwa IXD2, aina ya safari ndefu. Urefu wake ulikuwa mita 87 na nusu, yaani kama mabasi saba ya Mombasa–Kisumu yakipangwa moja nyuma ya jingine, na uzito wa tani 1,610 ikiwa juu ya maji. Nyambizi za kawaida za Kijerumani, zile zilizojaa Atlantiki, zilikuwa na urefu wa mita 67 na nusu ya uzito huo. Hii ilikuwa na injini mbili kubwa za dizeli kwa mbio na mbili ndogo kwa mwendo wa kubana mafuta. Kwa mwendo wa pole ingeweza kwenda zaidi ya maili 20,000 za baharini bila kujaza. Ilikuwa na midomo minne ya topido omo na miwili tezi, topido 24, mzinga wa milimita 105 juu ya sitaha, na mizinga midogo ya kupigia ndege. Waliokaa ndani walikuwa zaidi ya watu 60, wakilala zamu kwa zamu katikati ya mabomba na vyakula.

Ilibeba pia kitu ambacho watoto wetu wangekipenda: kishada cha kupanda mtu. Kiliitwa Fa 330. Hakikuwa na injini. Kilikuwa kiti chenye mabawa matatu ya kuzunguka kama feni ya darini, kikifungwa kwa kamba tezi, na nyambizi ikienda mbio upepo unayazungusha mabawa na kishada kinapanda zaidi ya mita 100 hewani na mlinzi wake akiangalia kwa darubini. Mtu aliye juu ya mnara wa nyambizi haoni mbali, kwa sababu mnara ni mfupi. Aliye kwenye kishada anaona moshi wa meli iliyo mbali sana. Nyambizi nyingine ya aina hiyo, U-177, ilitumia kishada chake mwanzoni mwa Agosti 1943 kuipata na kuizamisha meli ya Kigiriki, Efthalia Mari, katika maji ya Madagaska. Ubaya wake ni kwamba ndege ya adui ikitokea, lazima uchague kati ya kumvuta mtu wako na kuzama bila yeye.

Ukubwa huo ulikuwa na bei. Chombo kirefu chenye sitaha pana huchelewa kuzama, na sekunde chache ndizo tofauti kati ya uhai na kifo ndege inapokuja. Kuanzia Agosti hadi Desemba 1943 ndege za Marekani zilizizamisha U-847, U-848, U-849 na U-850, zote za aina hii, zote Atlantiki. Tazama namba zenyewe zilivyofuatana. Kabla ya kuondoka, nahodha wa U-852 aliambiwa hayo waziwazi na ofisa wa makao makuu, Adalbert Schnee: wenzako waliotangulia na vyombo kama chako wamekwisha, jihadhari na ndege, na usiache alama nyuma yako.

Nahodha huyo alikuwa Heinz-Wilhelm Eck, kijana wa miaka 27, na hiyo ilikuwa safari yake ya kwanza ya vita akiongoza nyambizi.

Jioni ya tarehe 13 Machi 1944, katika Atlantiki, upande wa kusini wa Freetown, Eck aliipiga topido mbili meli ya mizigo ya Kigiriki iitwayo Peleus. Ilizama mara moja. Mabaharia wake walikuwa 35: Wagiriki 18, Waingereza 8, Wachina 3, Wamisri 2, Mrusi mmoja, Mpolandi mmoja, Mchile mmoja, na mmoja mtu wa Aden. Pengine nusu yao walifika kwenye vyelezo au kushika mbao. Nyambizi ikasogea, ikawaita wawili, wakaulizwa jina la meli, itokako na iendako, kisha wakarudishwa kwenye chelezo chao na kuambiwa wataokolewa kesho.

Halafu nyambizi ikaenda kando kidogo, bunduki za rashasha zikapandishwa juu, ikarudi.

Hoja ya Eck baadaye ilikuwa kwamba hakuwalenga watu, alilenga vyelezo na mabaki. Asubuhi, alisema, ndege zingeyaona, zingejua nyambizi iko karibu, na chombo chake kikubwa kisingekuwa na pa kujificha. Kwa hiyo akaamuru vyelezo vizamishwe. Havikuzama, maana chelezo huundwa kisizame. Risasi zikapigwa, maguruneti yakatupwa, kukajaribiwa hata kuvigonga kwa omo. Watu walikuwa juu ya vyelezo hivyo. Kazi hiyo ilichukua takriban saa tano gizani.

Piga hesabu mwenyewe. Nyambizi hii juu ya maji iliweza kwenda noti 18 au zaidi. Katika saa tano ingekuwa maili 90 kutoka pale, na jua halijachomoza. Mtu anayeogopa kuonekana hakai saa tano mahali alipoua. Na mafuta ya meli yaliyotanda juu ya maji yangebaki hata kama kila ubao ungepotea. Kwa maoni yangu hofu ya nahodha ilikuwa ya kweli kabisa. Hesabu yake ndiyo ilikuwa ya uongo.

Mabaharia wake wenyewe hawakuwa na raha. Eck alilazimika kusema nao kupitia vipaza sauti vya ndani, akiwataka wafikirie wake na watoto wao wanaokufa nyumbani kwa mabomu ya ndege. Mhandisi mkuu, Hans Lenz, alikuwa amemwambia nahodha mapema kwamba hakubaliani na amri hiyo. Kisha, baadaye usiku ule, Lenz huyo huyo alimnyang'anya rashasha baharia Wolfgang Schwender na kupiga yeye. Mahakamani alieleza kwamba alimwona Schwender ni askari mbaya asiyestahili kumuua mmoja wa wale waliohojiwa. Nimeisoma sehemu hiyo mara kadhaa na bado sijui niiweke wapi katika akili ya mwanadamu.

Walibaki wanne. Ofisa wa tatu wa Peleus, Agis Kefalas, alikufa kwa majeraha yake chelezoni. Watatu, wakiongozwa na ofisa mkuu Antonios Liossis, waliokolewa na meli ya Kireno, Alexandre Silva, baada ya zaidi ya mwezi mmoja majini.

U-852 iliendelea kusini. Tarehe 1 Aprili iliizamisha Dahomian, meli ya Kiingereza, karibu na Cape Town, ikapinda rasi na kuingia kwetu. Hizo mbili ndizo meli pekee ilizozamisha maishani mwake. Ilipanda pwani ya Afrika hadi maji ya Somalia, na asubuhi ya tarehe 2 Mei ndege ya Wellington iliyotoka Aden ikaikuta juu ya maji. Lile lililoogopwa safari nzima likatokea. Ilizama, lakini imechelewa, na mabomu yakaipasua. Chini ya maji gesi ya betri zilizovunjika ikaanza kuwasonga watu, ikabidi wapande. Ndege nyingine zikaja, wakapigana nazo hadi usiku. Eck akaona hakuna la kufanya ila kukipweleza chombo ufukweni. Tarehe 3 Mei ilipanda mwamba karibu na Bandar Beyla, kusini ya Rasi Hafuni. Watu saba walikufa. Waliobaki, 59, waliogelea pwani wakiwa wameiwekea nyambizi baruti ili wailipue, wakakamatwa na askari wa ngamia wa Somaliland pamoja na wanamaji wa Kiingereza.

Baruti haikumaliza kazi. Waingereza walipoingia kwenye mabaki walikitoa kile kishada. Walitoa pia daftari la safari. Ndani yake kila siku ilikuwa na mahali pake, na mahali pa tarehe 13 Machi palikuwa ndipo pale pale ambapo Liossis na wenzake walisema meli yao ilizamishwa. Nahodha aliyekaa saa tano akifuta mbao baharini alisahau kuchoma karatasi zake.

Kesi ilifunguliwa Hamburg tarehe 17 Oktoba 1945 mbele ya mahakama ya kijeshi ya Waingereza, maofisa wa Kigiriki wakikaa pamoja nao, ikachukua siku nne. Washtakiwa walikuwa watano: Eck, Lenz, Schwender, ofisa kijana August Hoffmann, na daktari wa nyambizi, Walter Weisspfennig. Ndiyo, daktari naye alipiga rashasha.

Eck alidai kwamba dharura ya vita ilimlazimisha, na kwa haki yake lazima isemwe kwamba hakujificha nyuma ya wakubwa wake: alikubali kwamba amri ilikuwa yake. Wale wanne walidai waliamriwa. Mahakama iliwakumbusha kesi ya Wajerumani wenyewe: mwaka 1921, huko Leipzig, majaji wa Kijerumani waliwahukumu maofisa wa nyambizi iliyopiga risasi mashua za meli ya hospitali Llandovery Castle, wakasema amri ambayo kila mtu anaona ni uhalifu haimkingi anayeitii. Schnee yule yule aliyemwonya Eck aliitwa kama shahidi, akaulizwa kama yeye angefanya hivyo. Alijaribu kukwepa, mwishowe akasema hapana, angeondoka.

Sasa rudi kwa Petard na watu wa Khedive Ismail. Msomaji mwenye haki atauliza: askari wetu nao waliuawa majini, na aliyetupa yale mabomu hakushtakiwa. Ni swali zito, hasa kwa nyumba kama ya jaduong' wa Obunga. Nionavyo mimi, tofauti ipo. Petard ilikuwa na adui hai mwenye topido chini ya wale watu, na meli nyingine za msafara zimejaa maelfu ya roho. Eck hakuwa na adui yeyote mbele yake usiku ule, alikuwa na watu wasio na silaha tu. Lakini tofauti hiyo ni ya kisheria, na mtu aliyekuwa akielea pale hakuipata. Wavuvi wa ziwani na wetu wa baharini wana kanuni moja isiyoandikwa popote: mtu akiwa majini humuulizi ni wa nani. Vita viliivunja mara mbili katika miezi miwili, na mara moja tu kati ya hizo mtu aliitwa kujibu.

Eck, Hoffmann na Weisspfennig walipigwa risasi tarehe 30 Novemba 1945. Eck ndiye nahodha pekee wa nyambizi za Kijerumani wa vita vile aliyehukumiwa na kuuawa kwa kosa la namna hiyo. Lenz alipewa kifungo cha maisha na Schwender miaka 15, na mwanzoni mwa miaka ya 1950 wote wawili walikuwa wameshatoka. Yule baharia wa Aden hakuwa miongoni mwa watatu waliookolewa.